Kopo la Mama Selita

Harufu ya siki iliingia chumbani kabla ya Gwamaka. Atuganile Luvanda hakuinua macho kwenye karatasi zake. Miaka thelathini na minane ya kunusa mikanda inayokufa ilikuwa imempa pua isiyohitaji msaada wa macho, na pua hiyo ilimwambia kwamba huu nao umeoza mpaka mfupani.

"La kuvunda halina ubani, Mama," alisema Gwamaka, akaliweka kopo mezani. "Hili ni la Mkunga, hatuna hata haja ya kubishana."

"Lifungue kwanza."

"Kulifungua ndiyo kazi yenyewe. Aliyelifunga alikuwa anafungia jini."

Gwamaka alikuwa fundi mkuu wa Hifadhi ya Filamu pale Makete, mtu wa miaka arobaini hivi, mrefu, mwenye maneno mengi na mikono yenye adabu. Alikata plastiki ya kwanza, akakata ya pili, kisha akaanza kubandua utepe wa kijivu uliozungushwa mara tano kwenye mfuniko. Juu ya utepe kulikuwa na herufi mbili za wino mweusi: A.L. Alipitisha kisu katikati yake. Atuganile alizitazama zikianguka kwenye ndoo ya taka, akahisi uchovu wake wa kila siku ukimpanda kutoka magotini. Ulikuwa uchovu usiotibika kwa usingizi, alishajaribu.

Mfuniko ulipotoka, wote wawili waligeuza nyuso pembeni. Ndani mlikuwa na mkanda wa mita mia moja na ishirini, dakika kumi na moja za mwaka 1978, ambazo daftari la ghala lilisema ni za mwanamke aitwaye Selita akiongea lugha yake, mtoto mgongoni, ulioganda ukawa kitu kimoja kigumu chenye rangi ya ukoko wa ugali. Hakuna mkono ambao ungeweza kuukunjua. Gwamaka aligusa ubavu wake kwa ncha ya kibano, chembe nyeupe zikadondoka.

"Gogo," alisema.

"Gogo," Atuganile alikubali, akaandika.

Kwenye pembe ya chumba alisimama Mkunga, mashine pana kama makabati mawili, yenye mlango kila upande. Ilikuwa mashine pekee nchini iliyoweza kusoma mkanda ulioganda bila kuukunjua. Mlango wa kushoto ulikuwa wa jicho: miali hupenya gogo tabaka kwa tabaka kwa saa tisa, na kutoka na picha zote, moja baada ya nyingine, safi kama siku zilipopigwa. Mlango wa kulia ulikuwa wa sikio. Huko gogo hugandishwa kwa baridi ambayo hata uwanda wa Kitulo mwezi wa Julai haujawahi kuiota, na katika baridi hiyo ule mstari mwembamba wa kutu ulioko ukingoni mwa mkanda, ambamo sauti ilinaswa, hunong'ona, na mashine huusikia. Balaa ni kwamba miali ya jicho huitikisa kutu mpaka ikasahau kila ilichobeba, na baridi ya sikio huzipasua picha zikawa vumbi. Ukipata kimoja, cha pili umekizika. Ndiyo maana mafundi waliipa jina hilo siku za mwanzo, walipokuwa bado wanacheka kazini: mkunga anayetoka chumbani na mtu mmoja tu.

Makopo mia mbili na kumi na mawili yalishapita humo. Kila mara ilibidi mtu aamue mlango upi, na sheria ilisema mtu huyo ni mhifadhi mkuu. Mhifadhi mkuu alikuwa Atuganile.

"Wako wawili pale nje," alisema Gwamaka. "Wamekuja na gari moja, na nadhani hawajasemeshana tangu Mbeya."

*

Sheria ilitaka wenye madai wasikilizwe kabla kopo halijaingia mashineni. Atuganile aliwakaribisha kwenye chumba chenye jiko la mkaa, akawamiminia chai mwenyewe, kwa sababu alishajifunza kwamba mtu mwenye kikombe mkononi hapigi meza.

Mmoja alikuwa Mwalimu Sostenes Mahulo, kijana wa miaka thelathini na kitu, aliyepakata daftari nene lililofungwa kwa kanga. Wa pili alikuwa Mzee Krispini Lyamba, mwenye miaka sabini na minane, ndani ya koti zito ambalo bila shaka lilikuwa la kuazima. Jicho lake la kulia lilikuwa jekundu na lenye maji. Wote wawili walikuwa Wangalule, watu wa lile bonde lililofunikwa na bwawa zamani, wakatawanywa kwenye vijiji vya watu wengine mpaka lugha yao ikawafia mdomoni.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mama. Poleni na baridi."

"Tumeizoea. Mwalimu, anza wewe."

Sostenes alisafisha koo. "Mama, nitasema kwa kifupi. Kijijini kwetu tuna watoto arobaini na mmoja, darasa la kwanza mpaka la tatu. Hakuna hata mmoja anayejua Kingalule. Baba yangu hakukijua. Mimi nakijua kwenye karatasi tu." Alifungua kanga, akaonyesha daftari. "Maneno elfu nne. Yaliandikwa na padri mmoja ambaye hakuweka alama kuonyesha sauti inapanda wapi na inashuka wapi. Naweza kukuandikia neno la maji. Kulitamka siwezi."

"Mmeomba Kinywa?"

"Mara tatu. Jibu ni lilelile. Leteni sauti."

Kinywa kilikuwa kifaa kidogo kama redio, kinachowekwa darasani. Ukikilisha orodha ya maneno na dakika kumi za mtu aliyezaliwa na lugha hiyo, kinaikamata na kuzungumza na watoto kutwa nzima. Kinawauliza wamekula nini, kinawakemea wakichafua nguo. Lugha saba zilizokuwa zimekufa zilisharudi kwa njia hiyo. Lakini kulikuwa na kijiji kimoja ambako Kinywa kililishwa sauti ya kukisia, watoto wakajifunza kwa miaka miwili lugha ambayo hakuna binadamu aliyewahi kuizungumza. Bibi mmoja aliyekuwa amebaki aliwasikia wakicheza, akaingia ndani akafunga mlango. Tangu hapo sheria ikakataza makisio: sauti ya kweli, ama basi.

"Nimetafuta miaka tisa," alisema Sostenes. "Redio, misheni, vyuo, hata ng'ambo. Dakika hizo kumi na moja ndizo Kingalule chote kilichobaki duniani."

Atuganile alimgeukia mzee.

"Mimi sina daftari," alisema Mzee Krispini. "Yule mtoto aliyebebwa mgongoni kwenye hiyo picha ni mimi. Selita ni mama yangu. Maji yalipopanda tulihamishwa, na miezi minane baadaye akafa kwa homa. Nimelelewa na masista. Picha yake nyingine haipo, shangazi hayupo, mjomba hayupo. Nina watoto na wajukuu, lakini nikinyoa ndevu najitazama kwenye kioo, najiuliza, hii pua ni ya nani?" Aligusa chini ya jicho lake kwa kidole. "Hili nimepasuliwa mwezi wa nne. Daktari akaniambia, mzee, kwa umri huu unajisumbua nini? Nikamwambia, kuna mtu nakwenda kumwona."

Sostenes alitazama sakafu. "Mzee, sisi hatusemi kwamba—"

"Najua hamsemi. Watoto arobaini na mmoja, na mimi mmoja. Hesabu nilifundishwa."

Mkaa ulilia kidogo jikoni. Atuganile alisema kile alichokuwa amekisema mara mia mbili na kumi na mbili, kwamba amewasikia wote, kwamba atatoa jibu kesho asubuhi, na kwamba nyumba ya wageni ina blanketi za kutosha.

*

Alasiri ukungu ulishuka mpaka madirishani, na Gwamaka akamwita.

"Kaa kwanza, Mama. Usiseme kitu mpaka umtazame."

Kwenye kioo cha kompyuta kulikuwa na mwanamke kijana aliyejifunga kitambaa kichwani. Alikuwa na pua ya Mzee Krispini. Macho yalikuwa yale yale, kabla uzee haujayaingilia. Aliinama kidogo ili amkaze mtoto mgongoni, akageuka, akatazama mbele, na tabasamu likaanza upande mmoja wa mdomo kabla ya mwingine. Nyuma yake kulikuwa na kilima, na upepo ulitembea kwenye majani.

"Umemtoa wapi?"

"Kwenye kamera ya getini. Nimechukua sura ya mzee, nikaipunguzia miaka, nikaigeuza ya kike. Nikaongezea sura za Wangalule wengine thelathini ili isipotee njia. Tuko na dakika kumi na moja kamili." Gwamaka aliongea haraka, kama mtu anayeogopa kukatizwa. "Tusome sikio. Mwalimu apate Kinywa chake. Mzee tumpe huyu. Jicho lenyewe halijapona, atajuaje? Atakwenda kaburini amemwona mama yake. Nani ameumia hapo?"

"Sheria, Gwamaka."

"Sheria imekataza sauti ya kukisia. Sura haikutajwa. Nimepitia kifungu kwa kifungu."

Ilikuwa kweli. Waliotunga sheria walifikiria wizi, siasa na mashamba. Hawakumfikiria mtu anayemtafuta mama yake.

Atuganile alimtazama yule mwanamke kwa muda mrefu. Alikuwa mzuri, na hakuwa na haraka, na hakumdai mtu kitu. Tusimpake mama huyu asali: alitaka kukubali. Moyoni alishakubali, hata mkono ulishaanza kutafuta kalamu. Alikuwa na miaka sitini na miwili, na mara mia mbili na kumi na mbili alikuwa amewatazama watu wakiondoka wakilia, na hapa kulikuwa na njia ambayo wote wangeondoka wakicheka. Kama kalamu ingekuwa karibu kidogo, hadithi hii ingeishia hapo.

Aliipata chini ya faili, na juu ya faili kulikuwa na kile kipande cha karatasi kinachobandikwa kwenye kila kopo la Mkunga. *Chanzo cha uharibifu: umri.* Maneno hayo yalikuwa yameshachapwa tayari. Yeye ndiye aliyeagiza yachapwe.

Mwaka wa ile mvua ya miezi saba, Hifadhi ilikuwa bado pwani. Kuvu lilipanda ukutani, maji yaliingia mpaka rafu ya pili, na wakubwa wote walikuwa wamejiondokea. Atuganile alikuwa na miaka thelathini na nguvu za punda. Aliamuru makopo yote yaviringishwe plastiki mbili na kufungwa kwa utepe, mizunguko mitano, maji yasipate hata tundu la sindano, kisha yapandishwe milimani. Mengi aliyafunga kwa mikono yake. Walimpa cheti, na picha yake ikatoka gazetini.

Lakini mkanda wa aina ile ukizeeka hutoa mvuke wa siki, na mvuke huo ukikosa pa kutokea huurudia mkanda na kuutafuna, na ule wenye mstari wa kutu hutafunwa upesi zaidi. Kila mhifadhi hufundishwa hilo mwezi wa kwanza: kopo lazima lipumue. Yeye pia alifundishwa. Siku ile aliogopa maji zaidi. Utepe uliwaishia kwenye rafu ya thelathini na moja, na makopo ya rafu zilizofuata yakapandishwa milimani yakiwa yamefungwa kwa vitambaa tu, yeye akiyasikitikia njia nzima. Hayo ndiyo yaliyopona. Mpaka leo hukunjuka kama mkeka, picha na sauti pamoja. Alipogundua hayo miaka tisa baadaye, peke yake ghalani, akiwa na mfuniko mkononi na machozi ya siki machoni, aliandika kwenye ripoti neno moja. Umri. Hakuna aliyemuuliza.

"Gwamaka, unajua kwa nini makopo ya rafu ya thelathini na mbili hayanuki?"

Gwamaka alisogeza kiti nyuma. "Mama, na mimi nina pua. Nilijua mwaka wangu wa kwanza."

"Na hukusema."

"Ningesemaje? Wewe ndiye uliyenifundisha kazi."

Atuganile aliona aibu, si ile ya kushtuka, bali ile nzito ya kugundua kwamba siri yako ilikuwa ya nyumba nzima. Aliielekeza kalamu kwenye kioo.

"Mfute huyu."

"Mama, hebu—"

"Mfute. Mzee yule nilishamwongopea kabla sijamjua. Sitamwongopea mara ya pili huku namtazama, na jicho lake bado lina nyuzi."

Gwamaka alimfuta. Ilimchukua muda mrefu kuliko alivyotumia kumtengeneza.

*

Asubuhi alimkuta Mzee Krispini jikoni mwa nyumba ya wageni, akimenya viazi. Mpishi alieleza kwamba amemkataza mara mbili, lakini mzee amesema hajazoea kula chakula ambacho hakukigusa. Atuganile alivuta kigoda, akachukua kisu kingine, akaanza kumenya. Alimaliza kiazi kimoja kabla hajafungua mdomo. Kisha alieleza yote: mvua, plastiki, utepe, rafu ya thelathini na moja, lile neno moja kwenye ripoti. Hakujitetea. Alikuwa ameamka saa kumi na moja kuandika ripoti mpya, na nakala yake ilikuwa mfukoni mwa sweta, imetiwa sahihi.

Mzee alimsikiliza bila kuacha kumenya.

"Kwa hiyo kama utepe ungekuishieni mapema siku ile," alisema taratibu, "leo ningemwona na kumsikia."

"Ndiyo."

"Vyote viwili."

"Vyote viwili, mzee."

Ganda la kiazi lilikatika, likaanguka chini. Hakuliokota. "Kwa nini umeniambia?"

"Ni haki yako kujua."

"Si kwa sababu umechoka kulibeba peke yako?"

Atuganile alitazama mikono yake. "Na hilo pia."

"Afadhali umesema." Alichukua kiazi kingine, akakigeuzageuza kama anatafuta pa kuanzia. "Sasa unataka nini kwangu?"

"Uamue wewe. Ukisema picha, nasoma picha. Nitaandika kwamba mwenye mama ndiye aliyeamua. Mwalimu Sostenes atanielewa, na asiponielewa, mimi nastahili."

Mzee aliweka kisu chini. Kwa mara ya kwanza sauti yake ilipanda, mpishi akasogea dirishani.

"Hapana. Hilo usinifanyie. Nikisema picha, narudi kijijini nikiwa babu aliyewanyima watoto lugha yao, na kila nikipita shuleni nitawasikia wakisema Kiswahili. Nikisema sauti, nimemfunika mama yangu uso kwa mkono wangu mwenyewe. Unataka nikubebee mzigo kwa sababu umenionyesha ulikoutoa? Wewe ulifunga, wewe chagua. Na ukishachagua usije kuniomba msamaha, mama. Sijui kama ninao."

Alirudi kwenye viazi. Atuganile alikaa kidogo, akaona kwamba hana tena cha kungoja pale, akainuka.

Njia ya kurudi ofisini ilikuwa ya kupanda, na magoti yake hayakuwa na haraka. Alipima. Sura ingezikwa pamoja na mzee, labda miaka mitano, labda miwili. Sauti ingebaki kwenye vinywa vya watoto, nao wangekuwa na watoto. Ilikuwa hoja nzuri. Ilimuudhi kwa jinsi ilivyokuwa nzuri, maana yeye alikuwa na picha nne za marehemu mama yake, moja ndani ya pochi aliyoibeba, na mwenye shibe hamjui mwenye njaa. Alisimama katikati ya njia, akatamani mtu yeyote, hata mpita njia, amwambie la kufanya. Hakupita mtu. Alifika ofisini, akavua koti, akamwambia Gwamaka afungue mlango wa kulia.

*

Sikio lilihitaji saa sita. Wenye madai waliruhusiwa kukaa, na wote wawili walikaa, Sostenes na daftari mapajani, mzee na mikono kwenye mifuko ya koti. Atuganile aliwaambia uamuzi wake kwa sentensi moja, na hakuipamba. Sostenes alitaka kushukuru, akamtazama mzee, akainamia daftari lake. Mzee Krispini aliitikia kwa kichwa kama mtu aliyeambiwa kwamba gari limeshaondoka.

Saa ya pili, baridi ilipofika chini kabisa, mlio mdogo ulianza kusikika ndani ya mashine. Ulikuwa kama chumvi ikitupwa motoni, mfululizo, haukomi.

"Ni nini hicho?" aliuliza mzee.

Gwamaka alijifanya anasoma vipimo. Atuganile alikuja, akasimama mbele ya mzee, ili amjibu akimtazama.

"Ni picha, mzee."

Alisikiliza mpaka mlio ulipokwisha. Ulidumu karibu dakika ishirini. Mlio ulipokatika alijifuta jicho lile jekundu kwa kiganja, halafu na lile zima.

Alasiri Gwamaka aliwasha spika. Kwanza walisikia injini ya kamera ikiunguruma, kisha mwanamume akisema kwa Kiswahili, "Sauti, moja, mbili," kisha jogoo, na mbali kidogo mchi kwenye kinu. Halafu mwanamke akaanza kuzungumza.

Sote tuna namna ya kuwafikiria mama zetu, na katika namna hiyo daima wametuzidi umri. Waliyemsikia alikuwa binti wa miaka ishirini, pengine hata haijatimia, anayeongea haraka huku akikaribia kucheka, kama mtu aliyeambiwa na wageni aongee chochote na sasa anawaonyesha kwamba kweli anacho cha kusema.

"Mbona mdogo hivi," alisema Mzee Krispini. "Huyu ni mdogo kwa mjukuu wangu."

Sostenes alikuwa akiandika, akifuta, akiandika. Dakika ya nne mtoto alilia. Kilikuwa kilio cha mtoto mchanga mwenye njaa, kisicho na adabu, na Selita akakatiza aliyokuwa akiwaambia wageni, akasema maneno machache kwa sauti ya chini, nusu ya kuimba. Akayarudia. Mtoto akanyamaza.

"Aliyekuwa analia ni mimi," alisema mzee. Alikuwa amesimama, na hakuna aliyemwona akisimama. "Ameniambia nini?"

Sostenes alipekua daftari. "Sijui, mzee. Kuna neno linafanana na 'kaa', na hili la mwisho nadhani... Hapana. Nikisema nitakuwa nakisia. Kinywa kikishaanza kusoma kitatuambia. Labda mwakani."

"Mwakani," alisema mzee, na wote walisikia jinsi alivyolipima neno hilo. "Irudishe pale."

Gwamaka aliirudisha. Mtoto alilia, binti akasema maneno yake, mtoto akanyamaza. Aliirudisha tena. Mara ya tatu mzee alifungua mdomo akamfuatisha, kwa sauti kavu ya mtu wa miaka sabini na minane, na haikufanana hata kidogo.

"Mwishoni inapanda, mzee," alisema Sostenes kwa upole. "Kidogo tu."

Alijaribu tena, kisha akageuka akamtafuta Atuganile, aliyekuwa amesimama karibu na mashine.

"Mama, nakuomba utoke. Nataka kukaa na mama yangu."

Atuganile alitoka. Alifunga mlango kwa uangalifu, akasimama kwenye korido ya baridi na mgongo wake ukutani. Alikuwa amesema kweli, alikuwa amechagua, na hakuna kimojawapo kilichompunguzia kitu. Iliuma, akaiacha iume, kwa sababu hakukuwa na mwingine wa kuumia kwa niaba yake. Nyuma ya mlango mtoto alilia, binti wa miaka ishirini akamwambia maneno yake, na baada yake mzee akayasema. Alikosea, wakaanza upya. Akakosea tena. Mara ya saba, Mwalimu hakumsahihisha.